Kumpima Bibi Akiwa Amelala

Mkataba wangu umeisha, haukuongezwa, kwa hiyo nasema nimestaafu. Sijafika hata miaka thelathini na watu wanaona natania, lakini mtu aliyeacha kazi na hana nyingine mnamwitaje? Wahudumu wapya walioingia baada yetu wananitumia ujumbe kila mara kuuliza hiki na kile, na mimi sina subira ya kujibu vipande vipande kwenye simu. Bora niandike mara moja, wasome, wanyamaze. Habari za mishahara na nani alipandishwa cheo siandiki. Hizo mtazisikia huko huko, tena zimeongezwa chumvi.

Nitaandika juu ya mapigo ya moyo ya mtu aliyelala, kwa sababu ndicho kitu nilichofundishwa kwanza na ndicho nilichochelewa kukielewa.

Nilifika kituo cha afya nikiwa na cheti cha kidato cha nne, mafunzo ya mwaka mmoja ya uhudumu, na gauni la kazi lililokuwa refu kuliko mimi. Nilidhani nitapewa sindano. Nikapewa ndoo. Aliyekuwa msimamizi wa wodi ni Sista Zuhura, mwenyeji wa Tunduru, aliyepangiwa huku Mbulu akiwa bado msichana na hajawahi kuizoea baridi yetu. Mwezi wa saba alivaa sweta mbili chini ya sare na soksi za mpira wa miguu. Baada ya ndoo aliniita, akanishika mkono, akauweka juu ya mkono wake mwenyewe.

"Unasikia?"

"Ndiyo, Sista."

"Unasikia nini?"

"Yanapiga."

"Yanapiga hata ya kuku. Nimekuuliza unasikia nini."

Akanifundisha kuhesabu kwa dakika nzima, siyo nusu dakika halafu unazidisha mara mbili, maana mvivu anakosea mara mbili pia. Akaniambia niangalie kama yanaenda sawasawa, kama yana nguvu, na mtu mwenyewe anafanya nini wakati huo. Amekaa? Ametoka chooni? Analia? Amelala? "Namba bila habari ya mtu ni namba ya simu tu," alisema.

Kosa langu la kwanza lilikuja wiki hiyo hiyo. Tulikuwa na kijana wa hapa hapa Mbulu, mmoja wa hawa wanaokimbia barabarani alfajiri, ameanguka kwenye mtaro na kuvunjika mkono. Nikampima akiwa usingizini. Arobaini na mbili. Nikahesabu tena, arobaini na moja. Nikamtikisa bega kwa nguvu zote.

"Dada, kuna nini?" akauliza, macho mekundu.

"Unakufa."

"Nani kasema?"

Sista Zuhura alikuja kwa hasira, akamwangalia kijana, akaniangalia mimi, akamwambia alale. Pembeni akanieleza. Mtu akilala moyo unapunguza mwendo, maana mwili hauna kazi nyingi ya kuutuma. Mtu wa kawaida akiwa macho anaweza kuwa na sabini, akilala vizuri akashuka hadi hamsini na kitu. Mkimbiaji moyo wake umezoea kusukuma damu nyingi kwa pigo moja, kwa hiyo akilala unaweza kwenda polepole mpaka ukaogopa wewe. Ukiona mzee anayezimia ana arobaini, hapo kimbia ukaite daktari. Ukiona mkimbiaji anakoroma na ana arobaini, nenda kadeki.

Mengine niliyaona mwenyewe kwenye zamu. Mtu aliyelala moyo wake hauendi kwa mwendo mmoja kama saa. Unashuka akizama usingizini. Halafu kuna wakati unaona macho yanacheza chini ya kope, anaota, na mapigo yanapanda na kushuka bila mpangilio. Kukikaribia kucha yanaanza kupanda kabla hajafumbua macho. Mwenye homa hayashuki vizuri hata akilala fofofo. Aliyekunywa pombe ni hivyo hivyo: anakoroma kama amepumzika, lakini moyo wake unafanya kazi ya shamba. Tulikuwa na mgonjwa mmoja aliyesema pombe inamsaidia kulala. Sista akamwambia, "Wewe unalala, moyo wako haulali. Mmegawana zamu."

Kifaa chetu kilikuwa kile kibanio cha kidoleni kinachoonyesha mapigo na hewa kwenye damu. Kilikuwa kimoja kwa wodi nzima. Mambo ya kujua ni haya: kidole chenye rangi ya kucha kinakidanganya, kidole chenye baridi hakikisomi kabisa, na betri zake zinaingia kwenye rimoti ya televisheni, kwa hiyo mtu akisema zimeisha, angalia rimoti kwanza. Asubuhi za baridi tulikuwa tunawashika wagonjwa mikono mpaka ipate joto ndipo tunapima. Wageni walidhani tunasali.

Sasa nakuja kwa bibi Maria.

Aliletwa kutoka Tumati na watu wawili. Mmoja alikuwa mwanae mkubwa, baba Joshua, mfanyabiashara wa vitunguu kule Katesh, mtu wa miaka hamsini na koti zuri. Mwingine alikuwa Elizabeti, mke wa mtoto wake wa mwisho. Huyo mtoto wa mwisho alikuwa ameshafariki, na Elizabeti hakupata mtoto naye. Aliendelea kuishi pale nyumbani na bibi, wanalima pamoja, wanakamua ng'ombe pamoja. Alikuwa wa rika langu, ana mikono migumu, hasemi sana.

Bibi alikuwa amekonda, mikono inatetemeka, na moyo unakimbia mia na kumi, mia na kumi na tano, hata akiwa amekaa tu. Daktari wetu, daktari Kessy, alipouliza ilianza lini, aliyejibu ni baba Joshua.

"Daktari, mama hana ugonjwa. Mama ana mawazo. Na mwenye kumpa mawazo ni huyu hapa."

Elizabeti aliangalia chini.

"Kafanya nini?" daktari akauliza.

"Mtu hana mume pale, hana mtoto pale. Mama akimwona kila siku anamkumbuka marehemu. Atapumzikaje? Tumekaa kikao cha ukoo. Kama ugonjwa ni wa mwilini, sawa, mtibu. Kama ni mawazo, huyu anarudi kwao. Tumeshakubaliana."

Bibi alikuwepo hapo hapo kitandani, anasikia. Mtoto mkubwa wa kiume akiongea mbele ya watu, kwetu mama hamkatizi.

Daktari Kessy ni mtu wa utaratibu. Alimpapasa shingo, akasema tezi ya shingoni inaonekana imevimba kidogo lakini hana uhakika, na kipimo cha damu cha tezi hatuna. Kabla ya kuwasafirisha mbali anataka kujua jambo moja. Tezi ikizidisha kazi, moyo unakimbia mchana na usiku, hata mgonjwa akilala. Mawazo yakiwa ndiyo chanzo, mtu akizama usingizini moyo unatulia. "Nipeni mapigo yake akiwa amelala," akatuambia. "Siyo amefumba macho. Amelala."

Tukampima zamu zote. Mia na nane. Mia na kumi na mbili. Mia na tisa. Hayakushuka hata mara moja. Daktari alipoyaona akatikisa kichwa na kusema inaelekea ni tezi, ajiandae kupewa rufaa.

Elizabeti alinifuata kwenye karo la kuoshea vyombo.

"Kwa hiyo si mimi," akasema.

"Inaonekana si wewe."

Akakaa chini kwenye saruji, na sufuria yake mkononi. Hakulia. Akakaa tu, kama mtu aliyeshusha kuni.

Sista Zuhura alirudi kutoka likizo siku iliyofuata. Akasoma mapigo, akatuita wahudumu wote.

"Nani alimpima bibi saa za usiku?"

Wa zamu akanyoosha mkono.

"Nieleze ulivyofanya. Kuanzia mlangoni."

"Nilienda kitandani, nikamwambia shikamoo bibi, nikamshika mkono..."

"Akajibu?"

"Akasema marahaba mjukuu wangu. Akakaa. Akaniuliza kwetu ni wapi, mama yangu hajambo, tumevuna."

"Halafu ndiyo ukampima."

"Ndiyo."

Sista akamgeukia mwingine. Naye hivyo hivyo. Akanigeukia mimi. Mimi pia. Nani kati yetu angemshika mkono mwanamke wa umri wa bibi yake bila shikamoo? Hapa kwetu hata mwizi angeanza na shikamoo. Na bibi Maria alikuwa mtu wa heshima, ukimwamkia haitiki amelala, anajinyanyua, anafunga kilemba, anakupokea kama mgeni. Tulikuwa tumempima bibi akiwa anapokea wageni.

Sista alianza kucheka, akajifunika mdomo na mkono wa sweta. "Nilikuwa naandika ripoti za waliolala miaka yote," akasema, "na mimi mwenyewe nawaamkia. Kazi tunayo. Tunaanza upya."

Habari ikamfikia Elizabeti kabla ya chakula cha mchana. Alinikuta nakunja mashuka.

"Dada, mnarudia?"

"Tunarudia."

"Si mshaandika? Daktari kashaona. Kuna ubaya gani yakiachwa vile?"

"Yale siyo ya mtu aliyelala."

"Lakini yametoka kwenye mkono wake." Alishika pembe ya shuka niliyokuwa nakunja, akanisaidia kukunja, mikono imezoea kazi. "Yakishuka mimi naenda wapi? Kwetu kaka zangu wameoa, nyumba imejaa. Na huyu bibi, asubuhi nani atamwashia moto? Baba Joshua ana duka Katesh. Atamweka mama kwenye chumba cha nyuma, aangalie ukuta."

Nilimwambia nitapima kitakachokuwepo. Akaniachia pembe ya shuka.

Bibi alikuwa na kawaida ya kulala baada ya kula makande. Siku hiyo mvua ilinyesha, bati likapiga kelele ile inayolaza watu wote wodini. Elizabeti alikaa upande wa ukuta, amemshika bibi mkono wa kushoto ili upate joto. Sista akanionyesha kwa kidole: usiseme neno. Nikatembea na soksi. Nikamvalisha kibanio kwenye kidole nikiwa sijamwamkia, na nakiri masikio yaliniwaka moto kama nimemtukana.

Tisini na tano. Themanini na nane. Kinywa chake kikafunguka kidogo. Sabini na tisa. Sabini. Yakafika sitini na sita na yakabaki hapo. Tukakaa tunayaangalia, mimi, Sista, na Elizabeti ambaye hakuhitaji kuelezwa namba ile maana yake nini. Alimvutia bibi blanketi begani, polepole. Sitini na sita. Mtu wa usafi akaangusha ndoo kwenye korido, yakaruka hadi themanini, yakarudi sitini na nane.

Halafu mvua ikapungua na tukasikia sauti ya baba Joshua mlangoni, anamuuliza mlinzi kama muda wa kuona wagonjwa umefika. Bibi hakufumbua macho. Hakusogea. Namba ikaanza kupanda: themanini, tisini na nne, mia na tano. Sauti ikakaribia, mia na kumi na tatu. Ndipo bibi akafumbua macho, akatafuta kilemba chake.

Nikamwangalia Sista. Akaninong'oneza, "Usikimbilie kusema. Mtu akiamshwa na sauti yoyote moyo unapanda. Ile siyo ushahidi." Lakini na yeye alikuwa ameiona ndoo ilivyofanya: themanini tu, kisha yakarudi.

Daktari Kessy akaitwa. Akaangalia, akauliza maswali, akawaeleza kwa kifupi, maana hana maneno mengi: usingizini moyo wa mama unatulia vizuri, kwa hiyo hadhani tena kwamba ni tezi. Damu itapimwa baadaye kwa uhakika zaidi, lakini kwa sasa inaonekana ni hofu au mawazo mazito.

"Nilisema," akajibu baba Joshua. Akamgeukia Elizabeti. "Shemeji, umesikia mwenyewe kwa daktari. Funga vitu vyako. Kesho nakuletea pikipiki ikupeleke kwenu."

"Kipimo hakijasema ni mawazo ya nini," daktari akasema.

"Ya nini tena, daktari? Tumeshaongea."

Kibanio kilikuwa bado kidoleni kwa bibi. Mia na kumi na nane. Sista Zuhura alikuja upande wa kitanda, akaugeuza mkono wa bibi ili kioo kimwelekee baba Joshua.

"Baba, shikamoo," akasema, ingawa umri wao haukupishana sana. "Naomba unisaidie. Mweleze mama habari za Katesh."

"Habari gani?"

"Zozote. Vitunguu."

Baba Joshua alimwona kama mtu asiye na akili, lakini akaanza. Vitunguu bei siyo nzuri. Lori liliharibika njiani. Joshua anaendelea na shule, amepata mpira mpya. Bibi akauliza kwa Kiiraqw kama mpira ni wa ngozi au wa plastiki. Tisini na saba. Tisini na moja.

"Asante. Sasa endelea na ile ya Elizabeti. Pikipiki inakuja saa ngapi?"

"Asubuhi. Saa mbili. Akishafika kwao..."

Mia na sita. Mia na kumi na tano. Baba Joshua alikuwa anaangalia kioo. Sentensi ikabaki njiani.

"Inatosha, Sista," daktari Kessy akasema.

Mgonjwa wa kitanda cha tatu aliacha hata kukohoa. Halafu bibi Maria akaongea, kwa Kiiraqw, bila kumwangalia mwanae, anaangalia miguu yake mwenyewe chini ya blanketi. Maneno yake nayaweka hapa kwa Kiswahili kama nilivyomtafsiria Sista baadaye.

"Mwanangu, mdogo wako tulimzika, nikanyamaza. Tangu kile kikao chenu cha kwanza kila ukija nasema leo ndiyo siku unamchukua na huyu. Nikisikia pikipiki barabarani nasema ni wewe. Hata ya muuza maziwa. Nitapumzikaje?"

"Mama, mbona hukusema?"

"Mliniuliza?"

Baba Joshua alikaa kwenye ukingo wa kitanda, koti lake zuri likaloa kwenye maji ya mwavuli wa mtu. Baada ya muda akanyoosha mkono, akatoa kibanio kidoleni kwa mama yake, akakivaa mwenyewe kama mtoto anayejaribu pete. Nilitaka kumwambia kile ni kifaa cha wodi. Sista akanikanyaga mguu.

Mia na kumi na moja.

"Inasema nini?" bibi akamuuliza Elizabeti. Macho yake hayakuona namba.

"Inakimbia, mama. Kama ya kwako."

Bibi akamtazama mwanae kwa mara ya kwanza tangu aingie. Akamtazama kwa muda. Marehemu alikuwa mdogo wake yeye pia, na sijui kama kuna mtu aliyewahi kumshika mkono akahesabu.

"Mpe shemeji yako chai," akamwambia Elizabeti. "Anywe, apoe. Halafu aende akawaambie wa kikao kwamba nimekataa."

Elizabeti akamimina chai kutoka kwenye chupa, akampa kwa mikono miwili. Baba Joshua akaipokea kwa mikono miwili. Hakusema amekubali na hakusema amekataa. Akainywa yote, majani na kila kitu, akatoka, na pikipiki ya saa mbili haikuja.

Daktari akamweka bibi siku kadhaa zaidi ili amwangalie. Mchana wa siku waliyoruhusiwa kurudi Tumati pamoja nilipita na kibanio, nikamkuta amelala upande, mdomo wazi, kilemba kimeanguka. Elizabeti alikuwa sakafuni anafunga vitu kwenye kanga, gauni la bibi juu ya gauni lake, kikombe ndani ya kikombe, vyote kwenye fundo moja. Aliweka kidole mdomoni. Nikapita kwenda kitanda cha tatu.